Kiu ya Jicho

Kiswahili hakina uhaba wa maneno ya kutajia mapenzi. Pana huba na mahaba, pana nyonda na pendo, shauku na hamu, hawaa na ashiki, na kila moja lina pahala pake katika ubeti. Mshairi mwenye kuijua kazi yake hatii ashiki pale panapotakiwa pendo, hata kama vina vinamshawishi. Katika orodha hiyo ashiki ndilo zito. Asili yake ni Kiarabu, na wanalugha wa kale wa Kiarabu walilinasibisha na jina la mmea utambaao ambao hujizonga juu ya mti mpaka mti wenyewe ukanyauka. Ibn Sina, aliyefariki mwaka 1037, aliitia hali hiyo miongoni mwa maradhi katika kitabu chake kikubwa cha utabibu, akaeleza namna tabibu anavyoweza kumgundua anayependwa: amshike mgonjwa mkono, asikilize mapigo ya mshipa, huku majina yakitajwa moja baada ya moja. Jina litakaloufanya mshipa uruke ndilo lenyewe. Tangu zama hizo, basi, habari ya ashiki ina watu wawili, mgonjwa na mwenye jina. Tabibu alimtazama wa kwanza. Wa pili hakuulizwa neno.

Makala haya yanamhusu huyo wa pili, na swali lake ni hili: mtu aliyeshikwa na ashiki, je, humwona kweli huyo anayemtamani? Jibu la haraka ni kwamba hakuna amwonaye zaidi yake. Hamwachi kwa macho wala kwa fikra. Usiku yuko naye, mchana yuko naye. Methali yetu husema ukipenda, chongo huita kengeza, na aghalabu huchukuliwa kuwa ni dhihaka juu ya upofu wa wapendao. Mimi naiona vingine. Anayeita chongo kengeza ameliona jicho lile sawasawa. Amelibadilisha jina kwa hisani, kama mtu anavyoisitiri aibu ya nduguye. Nina shaka kama mwenye ashiki hufika hata hapo, maana ili uite chongo kengeza sharti kwanza ujue kuwa mbele yako pana uso wa mtu.

Shaka hii nataka kuipima pahala ambapo huenda wasomaji wengi wa kurasa hizi hawajapita, nako ni katika filamu fupi za majaribio zilizotengenezwa Japani katika miaka ya 1960 na 1970. Sababu ni nyepesi. Chombo cha sinema ni jicho, na mafundi wale wa Kijapani walilitia jicho hilo katika mtihani mkali, wakaliacha litamani mpaka likome lenyewe. Walikuwa vijana wa nchi iliyoshindwa vita mwaka 1945, ikajengwa upya kwa haraka ya kutisha, na mwaka 1960 ikajaa maandamano ya kupinga mkataba wa ulinzi na Marekani, mkataba ambao hata hivyo ulipita. Kamera ndogo za filamu ya milimita 8, zilizouzwa kwa ajili ya harusi na matembezi ya familia, ziliwawezesha kufanya kazi bila ya idhini ya kampuni kubwa za sinema. Kazi zao nyingi zilionyeshwa Tokyo katika ukumbi wa Sogetsu, mali ya chuo cha sanaa ya kupanga maua, na kuanzia mwaka 1967 katika ukumbi mdogo wa chini ya ardhi mtaani Shinjuku ulioitwa Sasori-za, yaani ukumbi wa Nge. Baadhi ni za dakika tatu, baadhi zinakaribia nusu saa. Msomaji aliyelelewa na sinema ya Kihindi, yenye nyimbo sita na machozi na harusi, atazikuta kavu mwanzoni. Asikate tamaa.

Kabla ya filamu zenyewe, neno. Wajapani wana neno ai, ambalo leo hufasiriwa mapenzi. Lakini katika vitabu vya Kibudha vilivyowafikia kwa njia ya China, ai ni tafsiri ya neno la Kisanskriti lenye maana ya kiu, na kiu hiyo imewekwa katika mnyororo wa mambo yanayomfunga kiumbe na mateso. Mwishoni mwa karne ya 19, wafasiri wa vitabu vya Ulaya walipotafuta neno la kutajia pendo, wakalichukua hilo hilo, likabeba maana mbili zisizopatana: lile linaloponya na lile linalofunga. Liko na neno jingine la zamani, koi, la kumtamani asiyekuwepo. Katika Man'yoshu, diwani iliyokusanywa katika karne ya 8 yenye mashairi zaidi ya 4,500, koi imeandikwa pahala kadhaa kwa alama mbili, moja ya upweke na moja ya huzuni. Mwandishi wa kale alitaka jicho la msomaji lipate maana ambayo sikio halikuisikia. Sisi nasi si wageni wa fikra hii. Mohamed Suleiman Mohamed wa Unguja alipotafuta jina la riwaya yake ya mwaka 1972 juu ya mapenzi na mali, aliiita Kiu, na msomaji hakuhitaji sherehe.

Sasa, zipo filamu mbili zenye jina hilo la Ai, zilizofuatana kwa mwaka mmoja, na zinafaa kutazamwa kama mashairi mawili ya kujibizana.

Ya kwanza ni ya Takahiko Iimura, ya mwaka 1962, yenye urefu wa dakika kumi hivi, na sauti zake zilitayarishwa na Yoko Ono, wakati huo msanii wa Tokyo ambaye dunia ilikuwa bado haijamjua. Wamo mwanamume na mwanamke, na linalofanyika baina yao ni lile ambalo adabu inatutosha kulijua bila ya kulitaja. Ajabu ni kwamba mtazamaji haoni kitu cha kumwaibisha. Iimura ameisogeza kamera karibu mno, karibu kuliko jicho la mwanadamu linavyoweza kusogea na bado likaona, hata ngozi ikawa mchanga, unywele ukawa unyasi mrefu, na kovu dogo likawa bonde. Mtazamaji anajua kuwa anatazama mwili, wala hajui ni kiungo gani, na baada ya muda hajui ni cha nani. Mwanamume na mwanamke wameyeyuka kuwa nchi isiyokaliwa na watu. Kamera imefanya yale ambayo kila mwenye ashiki huapa kuwa ndiyo matakwa yake, yaani kukaribia mpaka pasibaki nafasi, na nafasi ilipokwisha mtu naye amekwisha.

Wapo waliolisifu jambo hili kuwa ni uzuri mtupu, na uzuri upo. Mimi humkumbuka mshairi wa kwetu anapomsifu mwanamke kwa utaratibu tunaoujua sote: nywele, paji, nyusi, macho, pua, midomo, meno, shingo, mpaka unyayo. Utaratibu huo una heshima yake na mashairi mazuri mno yamezaliwa humo. Lakini msomaji ajaribu siku moja kuyasoma matano kwa mfululizo, kisha ajiulize kama angeweza kuwatofautisha wale wanawake watano wakipita njiani. Meno yao wote ni lulu na shingo zao wote ni za kuringia. Iimura angalau alikuwa mkweli: hakudai kuwa nchi ile ya mchanga na unyasi ina jina la mtu.

Ai ya pili, ya mwaka 1963, ni katuni ya Yoji Kuri, mchoraji wa vibonzo aliyefariki mwaka 2024 akiwa mkongwe wa miaka zaidi ya tisini. Humo mwanamke mkubwa anamkimbiza mwanamume mdogo. Hilo ndilo lote, na linatosha. Sauti iliyotumika ni kazi ya mtunzi Toru Takemitsu ya mwaka 1956, iliyotengenezwa kwa neno moja tu, hilo hilo ai, likitamkwa na sauti mbili, ya kike na ya kiume: kwa kunong'ona, kwa kubembeleza, kwa kupiga kelele, kwa kukoroma, kwa kulia. Neno lenye sauti mbili tu za irabu linavutwa na kukatwa mpaka linaacha kuwa neno. Kila aliyewahi kuwa mtoto amefanya mchezo huo, wa kulirudia jina lake mara hamsini hata likageuka mlio wa kigeni mdomoni. Katika filamu ya Kuri mchezo umefanywa na watu wazima, na lililopotea ni neno la thamani kuliko jina. Anayesema nakupenda mara elfu hamwambii mtu kitu tena, anapiga ngoma. Watazamaji hucheka, na mimi nilicheka, ingawa kicheko chenyewe kina upande: katika filamu hii, kama katika ngano nyingi za duniani, anayekimbiza ni mwanamke na anayeonewa huruma ni mwanamume. Kuri alichora kwa mkono wa kiume.

Upande huo unatufikisha kwenye kinyago. Katika tamthilia ya kale ya Noh, iliyopata umbo lake katika karne za 14 na 15, pana kinyago kiitwacho hannya: pembe mbili, macho ya rangi ya dhahabu, kinywa kilichopasuka mpaka mashavuni. Ni uso wa mwanamke aliyegeuzwa na wivu. Mafundi wa Noh wamekichonga kwa hila, hata mchezaji akikiinua kidogo huonyesha ghadhabu, na akikiinamisha huonyesha kilio. Katika mchezo wa Aoi no Ue, uliotokana na kisa cha Genji alichokiandika bibi Murasaki Shikibu mwanzoni mwa karne ya 11, roho ya Bibi Rokujo inamtoka ikiwa yeye mwenyewe yu hai, inakwenda kumtesa mke wa mwanamume aliyemwacha. Analetwa mcha Mungu wa milimani, anampunga kama pepo anavyopungwa, na mwisho roho inatulia. Katika mchezo wa Dojoji mambo ni mabaya zaidi: mwanamke anageuka nyoka, anaizonga kengele ya hekalu alimojificha mtawa anayemtamani, na joto lake linamuunguza aliye ndani. Msomaji ataukumbuka ule mmea wa wanalugha wa Kiarabu. Watu waliokuwa mbali kiasi hicho walifikia picha moja, ya kitu kinachozonga.

(Genji, aliyekuwa na wanawake wengi na kuwaacha wengi, hakuchongewa kinyago chenye pembe. Nalitaja kwa sababu wachambuzi wengi wanalipita.)

Mwaka 1975 Toshio Matsumoto alikichukua kinyago hicho akakitoa jukwaani. Filamu yake Atman, ya dakika kumi na moja hivi, haina hadithi. Mtu aliyevaa hannya amekaa nje, uwanjani, hatikisiki ila vazi lake likipeperushwa na upepo. Filamu ni ya aina inayonasa mionzi isiyoonekana kwa macho, kwa hiyo rangi za ardhi na mbingu ni za ugonjwa, kama rangi za homa. Matsumoto alipanga duara kumzunguka aliyekaa, lenye nafasi 480 za kuwekea kamera, akapiga picha kwa picha, kwa umbali huu na ule, na zilipounganishwa kamera ikawa inazunguka kwa kasi ya wazimu, inakaribia, inarudi nyuma, inakaribia tena. Muziki wa Toshi Ichiyanagi unazidi kukaza. Mtazamaji anakiona kinyago kwa mbele, kwa ubavu, kwa kisogo, na kila mzunguko anahisi kuwa ule ujao utamwonyesha kilichomo ndani. Haumwonyeshi. Nafasi zote 480 zinaishia kwenye ubao uliochongwa.

Nadhani hapa ndipo jambo lenyewe lilipo. Hannya ni mwenye ashiki. Ndiye mgonjwa wa Ibn Sina. Lakini katika Atman yeye ametulia tuli, na anayehangaika ni kamera, yaani sisi. Matsumoto amewabadilisha pahala mgonjwa na mtazamaji, akatuonyesha kwamba maradhi yanaambukiza kwa njia ya macho. Na jina la filamu ni la kejeli ya kimya kimya: atman ni neno la Kisanskriti la nafsi, ile nafsi ya kudumu ambayo mafundisho ya Kibudha yanakana kuwa ipo. Tunazunguka kutafuta nafsi katika uso ambao umechongwa ili usiwe na mtu. Aoi no Ue ilikuwa na mpungaji. Matsumoto hakumleta.

Hapa msomaji mshairi ana haki ya kupinga. Atasema: bila ya kushikwa, hapana sanaa. Ni nani angeweka kamera nafasi 480 kama hakushikwa na kitu? Pingamizi hii ina nguvu, na mfano wake bora uko katika ukoo huo huo wa sanaa. Takashi Ito, aliyekuwa mwanafunzi wa Matsumoto huko Kyushu, alitengeneza mwaka 1981 filamu ya dakika kumi iitwayo Spacy, kwa picha 700 za mnato. Kamera imo katika ukumbi wa michezo usio na mtu. Mbele yake pana picha imesimamishwa, na picha hiyo ni ya ukumbi ule ule. Kamera inaikaribia, inaingia ndani yake, inajikuta ukumbini tena, na mbele yake pana picha. Hivyo hivyo, mara kwa mara, kwa mwendo unaozidi kuchafuka mpaka kichwa kinazunguka. Ni tamaa isiyo na mtamaniwa. Ni kiu peke yake. Nami nakiri kuwa ni mojawapo ya filamu safi kabisa nizijuazo. Ila safi kwa sababu gani? Kwa sababu ukumbi ule hauumii. Fundi anaweza kuizunguka kazi yake mara 700, mshairi anaweza kuligeuza neno moja usiku kucha, na hapana aliyedhulumiwa ila usingizi wake. Kitu hakina jibu la kutoa. Mtu analo, na kumzunguka mtu kana kwamba hana jibu ni kumwonea, hata ukiwa unamzunguka kwa wimbo. Wanaoitetea ashiki kwa kuitaja sanaa huzichanganya hali hizi mbili, na wamekuwa wakizichanganya kwa karne nyingi kwa sababu mashairi yanayozaliwa ni matamu.

Je, mtamaniwa akigeuka na kutazama? Hilo ndilo alilolifanya Shuji Terayama, ambaye wapenzi wa mashairi wangemkaribisha kama jamaa, kwa kuwa aliingia katika fasihi kwa mlango wa tanka, shairi la mizani 31 lililogawika vipande vya 5, 7, 5, 7 na 7, na alishinda tuzo ya washairi chipukizi mwaka 1954 akiwa bado hajatimiza miaka 19. Baadaye alianzisha kundi la tamthilia, akatengeneza filamu fupi na ndefu, akafariki mwaka 1983 akiwa na miaka 47. Katika filamu yake Rolla ya mwaka 1974 wako wanawake watatu kwenye skrini, wanawatazama watu waliokaa ukumbini na kuwatusi kwa kuja kuwakodolea macho. Kijana mmoja ananyanyuka katika viti vya watazamaji, kijana wa kweli, mwenye mwili, anapita kwenye kitambaa cha skrini kilichochanwa na kuonekana ndani ya filamu pamoja na wale wanawake. Wanamvua nguo na kumrudisha ukumbini uchi. Watu hucheka sana. Lakini kwa dakika zile chache kila aliyemo ukumbini ameujua uzito wa kutazamwa bila ya kuombwa ridhaa, na ni uzito ambao wanawake wa mji wowote, wakiwemo wa mji huu, hawahitaji filamu ya Kijapani kuwafunza.

Nimeiweka mwisho filamu ambayo kwa tarehe ilizitangulia nyingi ya hizi, kwa kuwa ndiyo inayonipa tabu. Ni Yukoku ya Yukio Mishima, iliyopigwa kwa siku mbili mwaka 1965 na kuonyeshwa mwaka 1966. Chini kidogo ya nusu saa, nyeusi na nyeupe, bila maneno ya kusemwa, na muziki wa Wagner kutoka Tristan und Isolde tangu mwanzo hata mwisho. Mishima aliitunga kutokana na hadithi yake fupi iliyochapishwa Januari 1961, akaiongoza na kuicheza mwenyewe. Tarehe 26 Februari 1936 maofisa vijana wa jeshi waliasi mjini Tokyo. Luteni Takeyama, rafiki wa waasi, hakushirikishwa kwa sababu ameoa karibuni. Sasa ataamriwa kuwapiga marafiki zake, na yeye anaamua kujiua kwa kujipasua tumbo. Mkewe Reiko anaomba kufuatana naye. Wanalala pamoja kwa mara ya mwisho, kisha wanakufa, mume kwanza. Yote yanafanyika juu ya jukwaa jeupe la Noh, na ukutani pananing'inia maandishi makubwa yenye maana ya ikhlasi, unyofu wa moyo usio na doa.

Uzuri wa filamu hii hauna ubishi, na ndio unaoifanya iwe ya hatari. Katika nyingine zote nilizozitaja, ashiki inachekwa au inatisha au inaachwa ikizunguka. Katika Yukoku inatukuzwa. Tendo la mapenzi na tendo la mauti yamepigwa kwa mwanga mmoja, kwa wimbo mmoja, na mtazamaji anaongozwa kuamini kuwa ni kitu kimoja. Na yale maandishi ya ukutani yanamwambia kuwa penye ikhlasi hapana swali. Hapo ndipo ninapokataa kufuata. Ikhlasi hutueleza hali ya moyo wa mtendaji. Haituelezi kama tendo ni la haki. Mwenye ashiki siku zote ni mkweli. Bibi Rokujo alikuwa mkweli. Yule nyoka aliyeizonga kengele alikuwa mkweli.

Atasema mtu: lakini Reiko aliridhia. Ni kweli, na sitaki kumnyang'anya ridhaa yake kwa ajili ya kuikamilisha hoja yangu. Hadithi inaeleza kwamba usiku wa harusi luteni alimweleza kuwa mke wa askari sharti awe tayari kwa mauti ya wakati wowote, naye akatoa kisu alichopewa na mamaye akakiweka mbele yao. Alikuwa na miaka 23. Ninalouliza ni dogo zaidi: je, luteni aliwahi kumwona mtu ambaye angeweza kusema la? Hadithi inamsifu luteni kwa kuwa hakumuua mkewe kwanza. Alimwamini kuwa atafuata. Anauita huo uaminifu. Tafsiri yake ni kwamba alimwachia Reiko kazi ya kutazama. Na Mishima, kwa kujua au kwa kutojua, ameionyesha kazi hiyo kwa undani wa kustaajabisha: kofia ya kijeshi imeshushwa hata ukingo wake unayaficha macho ya luteni karibu filamu nzima. Uso wa mume hauna macho. Macho yote ya filamu ni ya mke, yanayotazama, yanayojaa, yasiyoruhusiwa kugeuka.

Tarehe 25 Novemba 1970 Mishima aliingia na wafuasi wanne katika makao ya jeshi mtaani Ichigaya, akawahutubia askari waliomzomea, akajiua kwa namna ile ile aliyoiigiza miaka mitano kabla. Siku hiyo nayo ilikuwa na wa pili. Masakatsu Morita, kijana wa miaka 25, alimfuata kwa mauti yale yale dakika chache baadaye. Katika vitabu vingi jina lake hutajwa kwa sentensi moja.

Mjane wa Mishima aliamuru nakala za Yukoku ziharibiwe, na kwa muda mrefu filamu ilihesabiwa kuwa imepotea. Kumbe ukanda wa asili ulikuwa umehifadhiwa. Ulipatikana mwaka 2005, ndani ya sanduku la chai, katika nyumba aliyoishi mwandishi, na mwaka uliofuata filamu ikatolewa kwenye diski. Mjane alikuwa ameshafariki, mwaka 1995. Sote tulioiona tumeiona kinyume cha matakwa ya mwanamke aliyekuwa na kila haki ya kuchoka kutazama. Sijui mtu anayependa sinema angefanya nini kingine, na mimi niliitazama mara mbili.

Nilipoirudia hadithi yenyewe baada ya hapo, nilikuta jambo ambalo mwanzoni lilinipita. Luteni amekwisha kufa. Reiko amebaki peke yake chumbani, kisu chake ki tayari, na mapenzi, kama tunavyoyajua katika habari hizi, yangemtaka asiwe na fikra nyingine. Lakini anasimama, anatoka kwenda kwenye mlango wa mbele, anafikiri kidogo kama aufunge au auache. Anaona si vyema miili yao ikae siku nyingi mpaka ikaharibika ndipo igunduliwe na watu. Anaondoa komeo, anauacha mlango wazi kidogo, kisha anarudi ndani.